Caprino: Mwongozaji, mbunifu na fundi wa vikaragosi

MWAKA 1975 Norway ilikuwa na wakazi takriban milioni nne. Hata hivyo, filamu moja iliyotoka Agosti mwaka huo, Flåklypa Grand Prix, imekwisha kuuza nchini humo tiketi zaidi ya milioni tano. Nyota wake si binadamu, bali ni vikaragosi.

Mwongozaji wake, Ivo Caprino, alizaliwa Februari 17, 1920 mjini Oslo. Baba yake alikuwa fundi samani mwenye asili ya Italia, na mama yake, Ingeborg Gude, alikuwa msanii aliyetengeneza vikaragosi vya maonyesho ya jukwaani. Kutokana na kumsaidia mama huyo, Caprino alipata wazo la kuvipeleka vikaragosi hivyo mbele ya kamera.

Njia iliyozoeleka ya kutengeneza filamu za aina hiyo huhitaji subira kubwa. Kikaragosi husogezwa kidogo, hupigwa picha, kisha husogezwa tena. Na sekunde moja ya filamu huwa na picha 24. Caprino alitafuta njia ya mkato kwa kubuni mtambo uliomwezesha kuviendesha vikaragosi papo hapo huku kamera ikizunguka. Aliutumia katika filamu yake ya kwanza, Tim og Tøffe, ya mwaka 1949.

Kuanzia hapo alishika kazi nyingi kwa pamoja: uongozaji, uandishi, utayarishaji na ubunifu wa mitambo. Mwaka 1954 alitoa Karius og Baktus, kisa cha viumbe wawili wanaotoboa meno ya mtoto, na mwaka 1959 akaongoza filamu ya waigizaji wa kawaida, Ugler i mosen.

Mafanikio yake makubwa, hata hivyo, yalichipuka kutoka katika kazi iliyoshindikana. Caprino alikuwa ameanza kutengeneza kipindi cha televisheni kilichotokana na wahusika wa mwandishi na mchoraji Kjell Aukrust. Baada ya takriban mwaka mmoja na nusu, ilionekana kwamba visa vyake havishikamani, na kazi hiyo ikasimamishwa.

Vikaragosi vilikuwa vimekwisha kutengenezwa. Badala ya kuvitupa, Caprino alishiriki kuandika hadithi mpya: fundi wa baiskeli anagundua kwamba msaidizi wake wa zamani amemwibia ubunifu wake, naye anaunda gari la mashindano ili kumkabili. Safari hii alirejea kwenye njia ile ndefu ya picha moja moja. Yeye na kikundi cha watu wapatao watano walifanya kazi kwa miaka mitatu na nusu.

Kwa kikundi kidogo kama hicho, kiongozi asiyejua ila kutoa maagizo asingetosha. Caprino aliweza kugeuza hasara kuwa filamu kwa sababu alizifahamu hatua zote za kazi, kuanzia hadithi hadi mkono wa kikaragosi.

Caprino alifariki dunia Februari 8, 2001, siku chache kabla ya kutimiza miaka 81.