Brenda Villa na Dhahabu Iliyokawia

Wahenga hawakukosea waliponena kwamba mvumilivu hula mbivu. Hata hivyo, hawakueleza mvumilivu huyo angoje kwa muda gani, wala afanye nini pindi mbivu zenyewe zinapochumwa na wengine mbele ya macho yake. Swali hili linajitokeza bayana katika maisha ya kimichezo ya Brenda Villa, Mmarekani aliyeshiriki Michezo minne ya Olimpiki katika polo ya majini, na ambaye mara tatu aliikosa dhahabu kwa tofauti ya bao moja tu. Makala haya yanadhamiria kueleza jinsi mchezaji huyo alivyoibuka, vikwazo alivyovikabili, na sababu za jina lake kuheshimiwa mno katika historia ya mchezo huu.

Mchezo Wenyewe

Kwa kuwa polo ya majini haijaenea sana katika sehemu hizi zetu za Afrika, ni muhimu kuufafanua mchezo huu kwanza. Timu mbili hukabiliana kidimbwini, kila moja ikiwa na wachezaji 7, kipa akiwamo. Lengo ni kuutia mpira katika lango la wapinzani. Mchezaji haruhusiwi kusimama kwenye sakafu ya kidimbwi, na isipokuwa kipa, hakuna aruhusiwaye kuushika mpira kwa mikono miwili kwa pamoja. Ili asizame, mchezaji huizungusha miguu yake kwa zamu, mmoja huku na mwingine kule, mithili ya mpishi apigaye mayai kwa mchapo. Ni kwa nguvu za miguu hiyo ndipo huweza kujiinua hadi kifuani na kurusha mpira.

Isitoshe, mchezo huu una ukali usiodhihirika kwa mtazamaji. Chini ya maji, pasipofikiwa na macho ya refa, wachezaji huvutana, husukumana na kukabana. Atendaye kosa kubwa huondolewa kwa muda mfupi, na wenzake hulazimika kulilinda lango wakiwa pungufu. Si ajabu basi kwamba aghalabu makocha huwapendelea wachezaji wenye vimo virefu na mikono mirefu. Villa alikuwa na kimo cha mita 1.63 pekee. Alichokosa kwa urefu alikifidia kwa wepesi wa kurusha, kwa pasi za uhakika na, zaidi ya yote, kwa kuusoma mchezo kabla ya wengine.

Kidimbwi cha Mji

Villa alizaliwa mwaka 1980 katika jimbo la California, katika familia yenye asili ya Meksiko, na akakulia Commerce, mji mdogo wa viwanda na reli ulioko karibu na Los Angeles. Wakazi wake wengi hawakuwa matajiri. Hata hivyo, mji huo ulikuwa umejenga kidimbwi cha umma na kuanzisha mafunzo ya kuogelea kwa watoto wa wakazi. Villa alifuata nyayo za kaka yake na kuingia majini angali mdogo, kwanza katika kuogelea na baadaye katika polo. Ikumbukwe kwamba polo ya majini nchini Marekani ilihusishwa kwa muda mrefu na vilabu vya watu wenye uwezo. Bila kidimbwi kile cha umma, yamkini kipaji hicho kisingejulikana na yeyote.

Kikwazo cha pili kilimsubiri shuleni. Shule ya upili ya Bell Gardens, aliyosomea, haikuwa na timu ya wasichana. Villa hakukata tamaa, bali alicheza katika timu ya wavulana. Kukabiliana na wavulana waliomzidi nguvu na kimo kulimfunza kutotegemea misuli, na hapo ndipo akili yake ya mchezo iliponolewa. Baadaye alijiunga na Chuo Kikuu cha Stanford. Wakati huo, matunda ya sheria ya mwaka 1972 iliyopiga marufuku ubaguzi wa kijinsia katika taasisi za elimu zifadhiliwazo na serikali kuu ya Marekani yalikuwa yakionekana. Mashindano ya kitaifa ya vyuo vikuu katika polo ya majini ya wanawake yalianza mwaka 2001, na mwaka 2002 Stanford ilitwaa ubingwa huo, Villa akiwamo.

Bao Moja, Mara Tatu

Wanaume walianza kucheza polo ya majini katika Olimpiki mwaka 1900 jijini Paris. Wanawake walingoja kwa karne nzima. Ijapokuwa walikuwa na mashindano yao ya ubingwa wa dunia tangu mwaka 1986, mlango wa Olimpiki haukufunguliwa hadi Michezo ya Sydney ya mwaka 2000, baada ya kampeni ndefu ambayo wachezaji wa Australia walikuwa mstari wa mbele kuiendesha. Villa, akiwa na umri wa miaka 20, alikuwa miongoni mwa wanawake wa kwanza kuupita mlango huo.

Marekani ilifika fainali dhidi ya wenyeji, Australia. Sekunde chache kabla ya kipenga cha mwisho, Villa alifunga bao la kusawazisha, na mambo yakawa 3 kwa 3. Ilipokuwa imesalia takriban sekunde moja, Yvette Higgins wa Australia aliurusha mpira kutoka mbali, ukatua wavuni. Australia ikashinda kwa 4 kwa 3, na Villa akarejea nyumbani na fedha.

Miaka minne baadaye, mjini Athens, Marekani ilibwagwa na Ugiriki kwa 6 kwa 5 katika nusu fainali. Safari hii Villa aliambulia shaba, baada ya timu yake kuishinda Australia kwa idadi iyo hiyo ya mabao. Mwaka 2008 mjini Beijing, akiwa nahodha, aliiongoza timu hadi fainali dhidi ya Uholanzi. Wamarekani walianza kwa kuachwa nyuma kwa mabao 4 kwa nunge, wakajikakamua hadi wakasawazisha. Hata hivyo, Danielle de Bruijn, aliyefunga mabao 7 peke yake siku hiyo, alitia la ushindi dakika ya mwisho. Uholanzi 9, Marekani 8.

Yafaa kusisitiza kwamba timu hii haikuwa dhaifu. Ilitwaa ubingwa wa dunia mwaka 2003 jijini Barcelona, mwaka 2007 jijini Melbourne, na tena mwaka 2009 jijini Roma. Villa mwenyewe alitajwa na jarida la shirikisho la kimataifa la michezo ya majini kuwa mchezaji bora wa kike wa mwongo wa 2000 hadi 2009. Hapo ndipo ulipo uchungu wa kisa hiki: mchezaji aliyesifiwa kuliko wote katika mwongo huo hakuwa na dhahabu ya Olimpiki hata moja.

London, 2012

Villa alikuwa na umri wa miaka 32 Michezo ya London ilipowadia. Heather Petri pekee ndiye aliyekuwa amecheza naye katika Michezo yote hiyo tangu Sydney. Wengine kikosini walikuwa wadogo kwao kiumri, akiwamo Maggie Steffens wa miaka 19. Katika nusu fainali dhidi ya Australia, ilielekea kwamba jinamizi la kale lilikuwa likirejea. Marekani iliongoza kwa 9 kwa 8 katika sekunde za mwisho, lakini kocha Adam Krikorian akaomba mapumziko wakati ambapo kanuni hazikumruhusu. Adhabu yake ilikuwa mkwaju wa penalti, na Australia ikasawazisha. Timu iliyozoea kunyang'anywa ushindi ingeweza kuvunjika moyo papo hapo. Badala yake, Wamarekani walitulia, wakashinda kwa 11 kwa 9 katika muda wa ziada.

Fainali ilichezwa tarehe 9 Agosti dhidi ya Uhispania. Steffens alifunga mabao 5, na Marekani ikashinda kwa 8 kwa 5. Baada ya miaka 12, fedha mbili na shaba moja, Villa alivishwa dhahabu katika Olimpiki yake ya mwisho. Dhahabu hiyo ilikuwa ya kwanza kwa wanawake wa Marekani katika mchezo huu. Walitwaa nyingine mwaka 2016 jijini Rio de Janeiro, na tena katika Michezo ya Tokyo iliyofanyika mwaka 2021.

Mlango Ulioachwa Wazi

Mnamo mwaka 2018, Villa aliingizwa katika Ukumbi wa Kimataifa wa Watu Mashuhuri wa Kuogelea. Lakini huenda heshima iliyo kubwa zaidi ni ile aliyopewa nyumbani: kidimbwi cha umma cha mji wa Commerce sasa kinaitwa kwa jina lake. Aidha, alishiriki kuanzisha mradi wa kuufikisha mchezo huu kwa watoto wa familia zisizo na uwezo, watoto wa aina ile ile aliyokuwa yeye.

Kwa hakika, kisa hiki hakihusu uvumilivu wa mtu mmoja pekee. Kipaji huenda hadi pale milango ilipofunguliwa, na barani Afrika milango hiyo ingali mizito. Timu ya kwanza ya wanawake kutoka bara hili kucheza polo ya majini katika Olimpiki ilikuwa ya Afrika Kusini, katika Michezo hiyo ya Tokyo, nayo ilipoteza mechi zake zote za makundi. Wenye haraka ya kuibeza timu hiyo wakumbuke kwamba hata bingwa wa London aliwahi kucheza katika timu ya wavulana, na kwamba kabla ya dhahabu yake kulikuwa na kidimbwi cha umma ambacho mji mdogo uliona si hasara kukijenga.