Unampandaje Joka Ambaye Hayupo?

Msimu wa tatu wa House of the Dragon ulianza kurekodiwa Uingereza Machi 2025. Sasa jiulize: mwigizaji anampandaje joka ambaye hayupo?

Kwanza joka huchorwa kwenye kompyuta akiruka. Kisha mwigizaji hukaa kwenye tandiko lililofungwa juu ya mashine, nayo huinama na kuyumba kufuata mchoro ule.

Kazi ngumu ni mwanga. Pazia la kijani, lile ambalo baadaye huwekewa anga, hutupa ukijani usoni na kwenye deraya. Ndiyo maana msimu wa kwanza walitumia pia ukuta wa skrini za LED: unaonyesha mawingu, na mwanga wake unamwangukia mwigizaji kweli.

Joka wa kompyuta utamkubali tu. Lakini mwanga ukitoka upande usio wake, jicho lako halidanganyiki.