Vipuri vya Gia za Baiskeli: Vipi Vinapatana na Vipi Havipatani



Katika mikutano ya matawi tumeulizwa mara nyingi juu ya jambo ambalo halimo katika mkataba wowote wa kazi, lakini linapunguza mshahara kama makato mengine. Nalo ni gia za baiskeli. Wengi wetu tunaokaa mbali na kiwanda au shamba tumeacha zile baiskeli nzito za gia moja na kununua za mitumba zenye gia nyingi, kwa sababu ya vilima. Ni baiskeli nzuri mpaka siku gia zitakapoanza kuruka. Hapo ndipo mtu huingia dukani, akatoka na kipuri kipya kinachong'aa, ambacho hakielewani na vile vilivyobaki.

Mwenzetu mmoja, mkata miwa wa shamba moja nchini Uganda, alipatwa na hayo. Baiskeli yake ilikuwa na sproketi saba nyuma. Mkono wa gia ulipovunjika, muuzaji alimpa wa vituo tisa, akamwambia kwamba tisa ni bora kuliko saba. Mnyororo ukawa haukai. Akarudi, akaambiwa kosa ni la deraila, yaani kile chuma chenye vigurudumu viwili kinachoning'inia karibu na ekseli ya nyuma na kusukuma mnyororo huku na huku. Akanunua deraila mpya, ile ya zamani akaiacha pale pale dukani. Mnyororo ukaendelea kuruka. Katika shamba lile, aliyekosa kuitwa jina asubuhi hapewi kazi ya siku hiyo, naye alikosa mara tatu. Deraila aliyoiacha haikuwa na ubaya wowote.

Tueleze basi kosa lilikuwa wapi. Mkono wa gia ukibonyezwa mara moja huvuta waya kwa kipimo fulani. Waya huvuta deraila, na deraila husogeza mnyororo mpaka sproketi ya pili. Vipimo hivyo hapana budi vilingane. Katika sproketi saba, kutoka katikati ya moja hadi katikati ya jirani yake ni kama milimita 5. Katika nane ni milimita 4.8, katika tisa ni kama 4.35, katika kumi ni karibu 3.95. Kadiri zinavyoongezwa ndivyo zinavyobanana. Sasa mkono wa vituo tisa ukifungwa kwenye sproketi saba, kila kituo hupungukiwa na zaidi ya nusu milimita. Kituo cha kwanza mnyororo utalalamika tu. Kituo cha tatu umekwisha kupungukiwa na karibu milimita 2, nao unasugua sproketi moja huku ukitaka kupanda nyingine. Hakuna skrubu inayoweza kuondoa upungufu huo: ukirekebisha mwisho mmoja, unaharibu mwisho wa pili.

Kwa hiyo hesabu sproketi za nyuma, kisha tafuta mkono wenye vituo vya idadi hiyo hiyo. Saba na nane huvumiliana kwa kiasi, maana tofauti ni ndogo. Saba na tisa, hapana.

Deraila yenyewe si kigeugeu kama watu wanavyodhani. Zile za Shimano za sproketi 7, 8 na 9 za baiskeli za milimani huvutwa kwa kipimo kimoja, hivyo deraila iliyoandikwa tisa yaweza kufanya kazi vizuri kwenye saba, mradi mkono wa gia uwe wa saba. Za sproketi kumi za milimani zilibadilishwa kipimo, usizichanganye na hizo. Kampuni ya SRAM, iliyoanzishwa Chicago mwaka 1987, kwanza ilitengeneza mikono ya kuzungusha iliyokubaliana na deraila za Shimano, kisha ikaleta mfumo wake ambao huvuta waya mrefu zaidi kwa kila kituo. Kwa hiyo jina la kampuni peke yake halitoshi. Uliza mkono huo ni wa mfumo upi.

Ipo njia ya nne ambayo sisi tunaipenda kwa mtu wa mshahara wetu, ingawa wenye maduka huicheka. Ni mkono wa gia usio na vituo, ambao hushikwa kwa msuguano tu. Baiskeli nyingi zilikuwa hivyo kabla Shimano ya Japani haijaleta mfumo wake wa vituo uitwao SIS mwaka 1984. Mkono huo hauulizi sproketi ni ngapi. Unausogeza kidogo kidogo mpaka mnyororo unyamaze. Utakusumbua wiki moja, kisha mkono wako utazoea wenyewe.

Tuje kwenye mnyororo. Minyororo yote hii ina nafasi ya nusu inchi kutoka pini hadi pini, na hapo ndipo watu hudanganyika, kwa kuwa kila mnyororo utaonekana kuingia kwenye meno. Tofauti iko kwenye unene. Mnyororo wa baiskeli ya gia moja ni mpana, utasugua sproketi ya jirani. Sproketi 6, 7 na 8 hutumia mnyororo wa aina moja, ambao pini yake ina urefu wa kama milimita 7. Wa tisa ni kama 6.6, wa kumi kama 5.9. Karakana ya kiwanda haikosi kalipa. Mwombe fundi akupimie.

Tena pima uchakavu kabla ya kununua chochote, maana pengine hakuna kilichoharibika ila mnyororo. Weka rula ya inchi juu ya mnyororo uliokazwa, sifuri katikati ya pini. Kwenye inchi 12 lazima pawe na pini. Ikiwa imepita kwa sehemu moja ya kumi na sita ya inchi, badili mnyororo upesi, sproketi zitapona. Ikipita kwa sehemu moja ya nane, sproketi nazo zimeliwa, na mnyororo mpya utaruka juu yake kila unapokanyaga kwa nguvu.

Ukifika kwenye sproketi, tazama zimefungwaje. Zungusha sproketi kinyumenyume na uangalie kile kitundu cha kati kinachoingizwa kifungulio. Kikibaki kimetulia, hiyo ni frii ya kuskrubu. Kikizunguka pamoja na sproketi, hiyo ni kaseti. Moja haiingii mahali pa nyingine bila kubadili habu. Wanaobeba magunia wajue pia kwamba habu ya frii yenye sproketi nyingi huacha ekseli bila mhimili upande wa mnyororo, ndiyo sababu hupinda au kukatika. Tunalishauri kila tawi linunue kifungulio kimoja cha kila aina pamoja na kikatia mnyororo, vikae ofisini.

Urefu wa mkono wa deraila nao una hesabu yake. Mathalani mbele una meno 48, 38 na 28, nyuma 14 hadi 28. Toa 28 kutoka 48, unapata 20, toa 14 kutoka 28, unapata 14, jumla 34. Deraila ya mkono mfupi isiyobeba jumla hiyo itauacha mnyororo ulegee katika gia ndogo, na ukiukata mnyororo ili ukazike, siku utakapotia kubwa kwa kubwa deraila itang'oka.

Limebaki kava la waya. Kava la breki limesokotwa kwa chuma kama springi. Kava la gia la siku hizi lina nyaya nyembamba zilizolala wima ndani ya plastiki, lisifupike waya unapovutwa. Kutia la breki kwenye gia kutakuletea gia zisizotulia, basi. Kutia la gia kwenye breki kwaweza kuua, maana ukifinya breki kwa nguvu zile nyaya hupasua plastiki na breki hupotea papo hapo. Mwambie fundi alikate mbele yako uone ndani. Na kama limekwisha kufungwa la gia kwenye breki yako, shuka kilima kwa miguu leo, ulibadili kabla ya kupanda tena.