Ndugu Wakipatana, Kesi Huishaje?

Tufikiri habari za ndugu wawili waliorithi shamba la baba yao, wakagombana juu ya mpaka. Mdogo ang'oa miti ya mpaka, na mkubwa ampiga kwa fimbo. Mdogo aenda polisi, na mkubwa ashitakiwa kortini. Kabla ya siku ya kesi wazee wa ukoo wawakutanisha. Mkubwa aomba radhi, alipa gharama za matibabu, nao wapeana mikono. Siku ya kesi ifikapo, wote wawili wako shambani wakilima, wakidhani kuwa shauri limekwisha. Baada ya siku chache polisi wabisha hodi, nao wana hati ya kumkamata mkubwa kwa kutofika kortini.

Kosa lao ni kutojua jambo moja. Jinai si deni baina ya watu wawili. Aliyepigwa ni mtu, lakini mwenye kushitaki ni Jamhuri. Wazee waweza kupatanisha mioyo, bali kuifunga kesi ni kazi ya korti.

Hii si kusema kwamba Sheria yachukia mapatano. Kifungu cha 176 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai ya Kenya, yaani Sura ya 75, chairuhusu korti kuwahimiza watu wapatane katika kesi za shambulio la kawaida, au kosa jingine la mtu na mtu lisilo kubwa, kwa fidia au kwa masharti mengine yanayokubaliwa na korti. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 159, nayo yaagiza upatanisho na njia za jadi zisitawishwe, maadamu hazivunji haki za mtu.

Basi yafaa kufanya nini? Kwanza, andikeni mapatano, mtie sahihi mbele ya mashahidi. Pili, fikeni kortini wote wawili siku iliyotajwa. Mlalamikaji na aseme mwenyewe kwamba ataka kuondoa malalamiko yake, na kwa sababu gani. Hakimu aweza kumwuliza kama alitishwa, na kama fidia imelipwa. Akiridhika, chini ya kifungu cha 204, humwachilia mshitakiwa, naye hawezi kushitakiwa tena kwa kosa lile lile. Lakini mwendesha mashtaka akiiondoa kesi chini ya kifungu cha 87 kabla mshitakiwa hajaitwa kujitetea, kesi hiyo yaweza kurudishwa. Mshitakiwa na aulize ni kifungu kipi kilichotumika.

Yako makosa ambayo mbuzi na radhi havitoshi kuyafuta. Mwaka 2013 Mahakama Kuu huko Nairobi ilikubali kesi ya mauaji iondolewe baada ya jamaa za pande mbili kupatana kwa desturi zao. Lakini uamuzi huo ulibishaniwa sana, na baadaye majaji wengine wamekataa maombi kama hayo. Katika makosa ya kunajisi, Sheria ya mwaka 2006 haiwaachii wazee wala wazazi neno la mwisho.

Na hapa yapasa tujihoji kwa unyofu. Mara nyingi yule anayeambiwa "samehe, usiaibishe ukoo" ni mke, mjane au mtoto, ambaye hana pa kulala ila katika nyumba ya yule aliyemwumiza. Mapatano ya namna hiyo si amani. Ni kumziba mtu kinywa. Mzee mwenye busara humwuliza aliyeumizwa faraghani kabla ya kuwaita wengine.

Mwisho, wale ndugu wawili wakumbuke kwamba kufungwa kwa kesi ya fimbo hakukusogeza mpaka. Ikiwa shamba limeandikishwa, wamwendee Msajili wa Ardhi awaonyeshe mpaka ulipo, ama sivyo miti itang'olewa tena. Wahenga walisema: ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime, wakipatana, chukua kapu ukavune. Lakini kabla ya kuvuna, pitieni kortini.