Katanga na Suala la Chimbuko la Wabantu: Ushahidi wa Akiolojia kutoka Bonde la Lualaba

1.0 Utangulizi

Suala la mahali walikotoka wasemaji wa lugha za Kibantu limewashughulisha wanaisimu na wanahistoria kwa zaidi ya karne moja. Katika mjadala huo Katanga ilipewa nafasi ya pekee, kwani kwa kipindi fulani ilidhaniwa kuwa ndiyo kitovu walikoenea Wabantu wote. Makala hii inaeleza msingi wa dhana hiyo, kisha inaonyesha jinsi akiolojia ya bonde la Lualaba ilivyoibadili. Hoja kuu ni kwamba ardhi ya Katanga inatoa ushahidi hafifu kuhusu mahali watu walikoanzia, lakini inatoa ushahidi mzito kuhusu namna walivyokaa, walivyochanganyika na walivyojenga. Tofauti hiyo ina uzito wake katika mji kama Kolwezi, ambako swali la nani mwenyeji na nani mgeni limewahi kuwa swali la uhai.

2.0 Hoja ya Wanaisimu

Malcolm Guthrie alilinganisha msamiati wa lugha nyingi za Kibantu akitafuta mizizi ya maneno inayopatikana karibu kila mahali, kama vile ule unaozaa mtu katika Kiswahili na umuntu katika Kibemba, au mti na umuti. Katika kazi aliyoichapisha mwaka 1962 alionyesha kwamba Kibemba kimehifadhi zaidi ya nusu ya mizizi hiyo, kikifuatiwa kwa karibu na Kiluba cha Katanga, na kwamba kiwango hupungua kadiri mtu anavyosogea pembezoni. Kutokana na hali hiyo alihitimisha kwamba Mame-Bantu ilizungumzwa katika eneo hilo la katikati, kusini mwa msitu wa Kongo.

Joseph Greenberg alikuwa na maoni tofauti. Yeye alizitazama lugha za Kibantu kama tawi moja tu la familia kubwa ya Niger-Kongo, akasema kwamba chimbuko lake liko karibu na mpaka wa Nigeria na Kamerun. Kanuni aliyoitumia ni kwamba lugha hutofautiana zaidi pale zilipokaa kwa muda mrefu zaidi. Kuhifadhi maneno mengi si dalili ya kuwa mahali pa asili. Huweza kuwa dalili ya kuwa katikati ya mawasiliano. Mwaka 1966 mwanahistoria Roland Oliver alijaribu kuzipatanisha hoja hizo mbili kwa kupendekeza hatua mbili: kwanza safari kutoka Kamerun kuelekea kusini, kisha mtawanyiko wa pili kutoka Katanga. Leo wataalamu wengi wanakubaliana na Greenberg kuhusu chimbuko. Lakini katika miaka ya 1960 mapatano yoyote yalihitaji ushahidi usiotegemea maneno, nao ulikuwa ardhini.

3.0 Waliotangulia: Ushahidi wa Kamoa

Kabla ya kuzungumzia Wabantu, yafaa kukumbuka kwamba ardhi hiyo haikuwa tupu. Kando ya mto Kamoa, karibu na Kolwezi, Daniel Cahen alichimbua mabaki ambayo taarifa yake ilichapishwa mwaka 1975. Mfululizo wake unaanzia zama za kale za mawe, wakati wa mashoka makubwa ya mkono, hadi zama za chuma. Basi kila anayejiita mzaliwa wa kwanza wa eneo hilo amechelewa kwa mamia ya karne.

Cahen alitoa pia tahadhari muhimu kuhusu mbinu. Katika eneo la Gombe, mjini Kinshasa, iligundulika kwamba vipande vilivyovunjika kutoka jiwe moja vilikutwa katika vina tofauti vya udongo. Mwaka 1977 yeye na Jan Moeyersons walieleza kwamba mawe husogea chini kwa chini katika udongo wa mchanga. Kwa hiyo kitu kilichokutwa chini zaidi hakiwi lazima cha zamani zaidi, na tabaka la udongo haliwezi kusomwa kama ukurasa wa kitabu. Tatizo hilo linapungua sana panapokuwa na makaburi, kwa sababu vitu vilivyozikwa pamoja na maiti viliwekwa hapo siku moja.

4.0 Makaburi ya Upemba

Mto Lualaba, baada ya kutoka katika nyanda za juu za Kolwezi, huteremka na kuingia katika bonde la Upemba, lenye mabwawa na maziwa mengi. Huko Sanga, kando ya ziwa Kisale, Jacques Nenquin alianza kuchimbua makaburi mwaka 1957, na mwaka uliofuata akashirikiana na Jean Hiernaux. Mwaka 1974 na 1975 Pierre de Maret alirudi Sanga na kuchimbua pia Kamilamba, Kikulu, Katongo na Malemba-Nkulu. Kwa kutumia vipimo vya radiokaboni aliweza kupanga mfululizo wa utamaduni wa bonde hilo. Wakazi wa kwanza wa zama za chuma wanaofahamika huko waliishi mnamo karne ya 6 au ya 7. Wakafuatiwa na utamaduni wa Kisale kuanzia karne ya 8, ambao ulistawi kikamilifu hadi karne ya 13 hivi. Kisha utamaduni wa Kabamba, hadi karne ya 18. Na hatimaye Waluba wa nyakati za karibuni.

Makaburi ya Kisale yanaeleza mengi kuhusu walio hai. Vyungu vilivyozikwa na watoto ni vidogo, na ukubwa huongezeka kulingana na umri wa marehemu. Chusa na mabaki ya samaki vinathibitisha kwamba ziwa ndilo lililowalisha. Baadhi ya watoto walizikwa na mali nyingi ambayo wasingeweza kuichuma wenyewe, jambo linaloashiria kwamba hadhi ilikwisha anza kurithiwa. Aidha, kauri za Bahari ya Hindi zimekutwa humo, zikiwa zimesafiri kutoka mkono hadi mkono katikati ya bara.

Kaburi moja la Kamilamba, la awamu ya mwanzo ya Kisale, lilikuwa na shoka la heshima lililopambwa kwa misumari, pamoja na fuawe ya chuma karibu na fuvu la kichwa. Shoka na fuawe ni miongoni mwa alama za utawala wa Waluba hata katika nyakati za karibuni. Masimulizi ya Waluba yanasema kwamba ufalme uliletwa na mwindaji mgeni kutoka mashariki, Mbidi Kiluwe, ambaye mwanawe Kalala Ilunga alimshinda Nkongolo. Wanahistoria wa awali waliyasoma masimulizi hayo kama kumbukumbu ya uvamizi. Kaburi la Kamilamba linaonyesha kwamba alama zenyewe zilikuwapo bondeni karne nyingi kabla. Yaelekea basi kwamba habari ya mgeni ni njia ya kueleza ukuu wa mfalme aliye juu ya koo zote, wala si taarifa ya safari.

5.0 Shaba ya Kusini, Kumbukumbu ya Kaskazini

Bonde la Upemba halina shaba. Kila pambo la shaba lililokutwa Sanga lilitokana na ukanda wa madini wa kusini, umbali wa zaidi ya kilomita 200. Katika ukanda huo wenyewe, tanuri za Naviundu karibu na Lubumbashi zinaonyesha kwamba shaba iliyeyushwa tangu karne ya 4 hivi.

Katika makaburi ya Kisale shaba ilikuwa pambo. Katika makaburi ya Kabamba inatokea mikuo yenye umbo la msalaba. Ile ya mwanzo ni mikubwa na michache, nayo iliwekwa kifuani pa maiti. Baadaye inakuwa midogo, mingi na inayokaribiana kwa ukubwa, nayo imewekwa karibu na mikono au nyonga. De Maret alieleza mabadiliko hayo kuwa ni safari ya kitu cha heshima kuwa fedha ya matumizi ya kila siku. Mwanafunzi wa historia ya uchumi anaweza kuifuatilia safari hiyo kaburi kwa kaburi.

Kwa nini basi historia ya shaba isomwe mbali na machimbo yake? Sababu ni kwamba machimbo ya kale yamefutwa. Jules Cornet na wapimaji waliomfuata tangu mwaka 1892 waliongozwa na mashimo ya wenyeji; palipokuwa na shimo la kale, palikuwa na madini. Union Minière, iliyoundwa mwaka 1906, ilichimba mahali pale pale kwa mashine, na ushahidi ukaondoka pamoja na mawe. Hali hiyo haijakoma. Jina Kamoa, lililokuwa la mto na la kituo cha akiolojia, sasa linajulikana zaidi kwa mgodi ulioanza uzalishaji mwaka 2021. Katika mtaa wa Kasulo, Kolwezi, kobalti imechimbwa chini ya nyumba za watu.

6.0 Hitimisho

Mfululizo wa Upemba unaanza maelfu ya miaka baada ya Mame-Bantu, kwa hiyo hauwezi kuthibitisha kwamba Katanga ni chimbuko. Hata hivyo Guthrie hakukosea katika yote aliyoyaona. Utafiti wa vinasaba uliochapishwa katika jarida la Nature mwaka 2023 unazitaja Zambia na Kongo kuwa yumkini zilikuwa njia panda ya misafara ya Wabantu. Njia panda si mahali pa kuzaliwa. Ni mahali pa kukutana, na maneno hudumu panapokuwa na wengi wa kuyasema.

Historia ya karibuni inaendeleza sura hiyo. Wayeke wa Msiri walitoka Unyamwezi katika karne ya 19 na kuwa wafua shaba mashuhuri. Kiswahili kilienea kwa njia za biashara na kambi za migodi, hata jina la jimbo likawa Shaba kuanzia mwaka 1971 hadi 1997, ingawa Wabemba husema mukuba. Pamoja na hayo, mwaka 1992 na 1993 maelfu ya watu wenye asili ya Kasai walifukuzwa Likasi na Kolwezi kwa kuitwa wageni, wengi wao wakiwa wamezaliwa huko huko. Akiolojia haitoi hati ya kumiliki ardhi kwa kabila lolote. Inachoonyesha ni kwamba jamii iliyodumu Lualaba kwa zaidi ya miaka 1,000 ilidumu kwa shaba ya watu wa kusini na kauri za watu wa pwani. Mwanafunzi anayetumia neno mwenyeji hana budi kueleza kwanza ni mwenyeji wa tangu lini.