Muhuri wa Kupokelewa

Mkulima wa Turiani, mwenye shamba lake kati ya miwa ya Mtibwa na milima ya Nguru, akipeleka ofisi ya kijiji maombi yake ya hakimiliki ya kimila, pengine huambiwa, "Mzee, acha hapo mezani". Naye, kwa kuwa ni mtu wa staha asiyependa kuonekana anamshuku mwenziwe, huiacha karatasi, akaaga, akarudi zake bila ya ithibati yoyote mkononi. Aghalabu kesi hushindwa siku ile, ingawa itafunguliwa baada ya miaka mingi.

Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 imeipa halmashauri ya kijiji siku 90 za kuamua maombi hayo. Lakini zitahesabiwa tangu lini, ikiwa hapana ajuaye karatasi ilifika lini? Na lau shamba lile likagawiwa mtu mwingine, mwombaji akaazimu kuishitaki halmashauri, tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020 hana budi kwanza kutoa taarifa ya siku 90, na nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Taarifa hiyo nayo ikikosa ushahidi wa kupokelewa, wakili wa serikali ataweka pingamizi la awali, na shauri litaondoshwa kabla shahidi hajatia mguu kizimbani.

Hata mwenye karatasi zake zote hajasalimika. Wengi hudhani kuwa waraka ulioambatishwa na hati ya madai umekwisha kuwa ushahidi, kumbe ungali mlangoni unabisha hodi: mpaka shahidi aujuaye, akiwa amekwisha kuapa, aombe upokewe, upande wa pili uulizwe kama una pingamizi, kisha jaji aandike juu yake namba ya shauri, jina la aliyeutoa na tarehe, atie sahihi, ndipo uwe kielelezo, ndipo usomwe. Tena hutakiwa waraka wa asili, si kivuli. Na kama asili imo ofisini kwa mdaiwa, mdai humpa notisi ya kuitoa, naye asipoitoa, nakala yaweza kukubaliwa.

Sioni haki mzigo huu kumwelemea mwenye jembe, ilhali mwenye muhuri ni ofisi. Lakini ndivyo ulivyo. Basi na aende na nakala mbili, aseme kwa upole, "Mwanangu, nigongee na hii yangu," angoje, atazame kama tarehe inasomeka na mpokeaji ametia jina na sahihi, kisha aifunge katika nailoni, aiweke sandukuni, mbali na mchwa na mvua za masika.