Je, Wajua? Mwangukaji wa John Wayne na Mto Kagera

Waliokulia Mwanza wakitazama filamu za kauboi wanajua kanuni: stelingi hafi. Lakini aliyekuwa akianguka kutoka kwenye farasi mara nyingi hakuwa stelingi. Alikuwa Yakima Canutt, bingwa wa rodeo aliyezaliwa Marekani mwaka 1895, ambaye kwenye skrini aliishia kupewa nafasi za adui na wahusika wadogo, na nyuma ya pazia akawa mwili wa John Wayne.

Tazama filamu ya Stagecoach ya mwaka 1939. Canutt, akiwa adui, anaruka kutoka kwa farasi wake hadi kwa farasi wa mbele wanaovuta gari mbio. Anapigwa risasi, anateleza katikati yao, anaburuzwa vumbini akiwa ameshika mti wa gari, kisha anaachia. Kwato na magurudumu yanapita pande zote mbili za mwili wake. Hakuna kompyuta hapo!

Mwongozaji wa filamu hiyo, John Ford, ndiye aliyekuja Afrika Mashariki kuanzia mwaka 1952 kupiga filamu ya Mogambo (jina hilo si Kiswahili, usihangaike na kamusi). Sehemu yake ilipigwa Tanganyika, kando ya Mto Kagera, uleule unaoingia Ziwa Victoria kaskazini mwa Bukoba. Na miongoni mwa waongozaji wa kikosi cha pili cha filamu hiyo alikuwamo Canutt.

Alipata Oscar ya heshima mwaka 1967, akafariki mwaka 1986, kitandani, si chini ya farasi.